Ngoja Taa Izime

Nalilinunua kwa Mtaliani wa Casuarina
aliyekuwa akiuza kila kitu, nyumba, majokofu, hata vyungu vya maua.
Gari jeupe, la dizeli, viti vinane,
umri wake sawa na wa kitinda mimba wangu.
Akafungua boneti upesi upesi.
Mimi ni mpishi, najua:
kifuniko kikifunuliwa kwa haraka, kitazame kilicho chini.

Nikamwambia, liwashe likiwa baridi.
Akasema, nimeshalipasha tayari, signora.
Basi nikaketi barazani kwake saa mbili nzima,
nikanywa maji yake ya limau, nikangoja injini ipoe.
Hapo ndipo tulipoanza kusemezana bei.

Shemeji yangu Famau akacheka:
"Swafiya, mtumba wa Mzungu?"
Nikamjibu, ukuukuu wa kamba.
Akasema, kamba haina nozeli.

Siku ya kwanza naling'oa viti vya nyuma, sufuria zipate pa kukaa.
Manyoya ya mbwa yalikuwa yamejishona zuliani.
Nikaosha mara saba, moja kwa udongo,
na wapita njia wa Shela wakasimama
kumtazama mwanamke anayelipaka gari matope ili litakate.

Fundi wangu aitwa Nyundo, mtu wa Ganda,
na kwa miaka sita sijamwona ameshika nyundo.
Yeye husikiliza.
Huweka ncha ya bisibisi kwenye injini, mpini sikioni,
akafumba macho:
nozeli ya tatu yakohoa.
Moshi mweusi, asema, ni gari kukosa pumzi, chujio limeziba.
Wa buluu, lanywa oili.
Mweupe usiokoma,
mama, keti kwanza ndipo nikwambie.

Na chumvi ya huku haiko chunguni tu.
Huila milango kuanzia chini, kimyakimya, kama mchwa.
Kila mwaka natandika gunia, nalala chali,
nalipaka tumbo lake oili chafu
mpaka kanga ya kazi haisomeki jina lake.

Arusi ya Mambrui lilinizimikia karibu na daraja la Sabaki,
sufuria nne za biriani nyuma,
kachumbari mapajani mwa Mwanajaa.
Dizeli ya njiani ilikuwa na maji.
Nyundo yuko simuni, sauti yakatika katika:
legeza skrubu... juu ya chujio... bonyeza kwa gumba...
bonyeza mpaka mapovu yaishe.
Nikabonyeza. Mto ulikuwa mwekundu kwa udongo wa bara.
Mapovu. Mapovu. Mwanajaa asoma kila dua aijuayo.
Kisha ukatoka uzi mmoja safi,
kama samli iliyokwisha kutulia.

Tulifika wageni wameshaanza kununa.
Bibi mmoja akaonja, akanitazama vidole:
"Wali wa leo una moshi wake."
Sikumjibu. Nikamwongezea nyama.

Daftari langu la mapishi limechanganyika.
Machi: mchele kilo hamsini, iliki robo.
Machi: oili lita saba, mkanda wa taimingi
(huu haungojwi ukatike).
Mafuta ya kupikia na mafuta ya breki, mstari mmoja.
Jumla sijawahi kuipiga.
Famau huniuliza kila Idi. Namwambia, kula.

Sasa kitinda mimba, Nuswaiba, ajifunza kuendesha.
Atia ufunguo, auzungusha mara moja hadi mwisho.
Gari laguna, lanyamaza.
Namshika mkono. Haraka ya nini?
Tazama ile taa ndogo, waya uliojikunja kama tambi.
Ndani mle kunapashwa moto.
Soma Bismillahi, yote, usiikate.
Hiyo taa huzima yenyewe,
ukifika karibu na Rahimi.

"Na ikikawia?"

Basi kuna plagi iliyokufa,
na kesho alfajiri, mimi na wewe,
tuko kwa Nyundo.